Pori Letu Linaishia Katika Mbabula

Ya kusoma katika Biblia: Mwanzo 2:15, Kumbukumbu la Torati 20:19-20, 2 Wafalme 6:1-7, Warumi 8:19-22

 

Jioni ya leo, mbele ya kuweka chungu juu ya moto, chukua kipande kimoja cha makala mukononi, ukiangalie vizuri kwenye kilivunjika. Mara nyingi utaona miviringo midogo, sawa vile mutu ameichora na sindano. Muti ulikua polepole, mvua moja, kisha kiangazi, kisha mvua ingine. Ulianza kukua pengine mbele ya wewe kuzaliwa. Na sasa, kwa muda wa kupika sufuria moja ya maharagi, utakuwa majivu.

Hatusemi hivi kwa kukutia haya. Bukari lazima iivye na watoto lazima wale. Lakini mutu mwenye kula anapaswa kujua chakula chake kinatoka wapi. Vilevile mutu mwenye kuota moto anapaswa kujua moto wake unatoka wapi. Twende basi pamoja mpaka porini, tuangalie.

MAKALA YANATOKA WAPI?

Makala hayazaliwi sokoni. Nyuma ya kila mufuko kuna kazi nzito. Muchoma makala anaingia porini na shoka, anaangusha miti, anaikata vipande, anaipanga kwa ukubwa. Kisha anaifunika na majani, na juu ya majani anaweka udongo, mpaka tanuru inakuwa sawa kaburi refu. Anawasha moto kwa upande mumoja, na kuanzia pale anakosa usingizi. Kwa siku nyingi, muchana na usiku, anazunguka. Kama udongo unapasuka na hewa inaingia, moto unakula kila kitu na yeye anabaki na majivu tu. Kazi yake yote ni kuzuia miti isiwake, bali iivye.

Lakini hata fundi mukubwa wa tanuru ya udongo anapoteza mengi. Kwa kilo 100 za miti mikavu, anapata kilo 10, pengine 15. Akifikia 20 amefanya vizuri sana. Zilizobaki zimepanda juu kuwa moshi. Kwa hiyo ukiona kinga moja inapita kwenye barabara ya Kasenga ao ya Likasi, imebeba mifuko mitatu ao mine, na kijana anaisukuma huku jasho linamutoka, usihesabu mifuko tu. Hesabu pia ile miti yenye haukuiona.

Na muji wetu ni mukubwa. Lubumbashi ina watu zaidi ya milioni mbili, na karibu kila lupango lina mbabula yake, hata kwenye kuko kuran. Wazee wanakumbuka wakati makala yalichomwa karibu sana na muji, mahali penye leo kuko manyumba na mashule. Leo muchoma makala anakwenda mbali, na kila mwaka anakwenda mbali kupita mwaka uliopita. Bei ya mufuko inapopanda, mama analalamikia muuzaji. Lakini ndani ya ile bei muko pia urefu wa njia.

PORI LETU LINAITWA MIOMBO

Pori lenye kuzunguka Lubumbashi si pori la giza kama lile la Équateur. Ni pori la miombo, lenye miti yenye kuachana kidogo, jua linafika chini, na majani marefu yanaota katikati. Linaanza Angola, linapita kwetu Katanga na Zambia, linafika Malawi, Msumbiji na Tanzania, mpaka kwa wandugu zetu wa Tabora na Kigoma. Miti yake mikubwa ni ya jamaa moja: musamba, muputu, mutondo, na wandugu zao.

Mwenyezi Mungu ameipa miti hii tabia ya ajabu. Katika mwezi wa tisa na wa kumi, wakati udongo umekauka na mvua haijaanguka bado, miombo inatoa majani mapya, na majani yale ni mekundu, rangi ya shaba yenyewe. Sawa vile Muumba alitaka kutuonyesha kwamba utajiri wa Katanga hauko chini ya udongo peke yake.

Tufikiri juu ya vitu vyenye pori hili linatupatia bila franka hata moja. Mvua inapoanza, mama wanaingia porini kutafuta bowa. Bowa nyingi zenye tunapenda haziwezi kulimwa bustanini, kwa sababu zinaishi zimeshikana na mizizi ya musamba na mutondo. Muti unalisha bowa, na bowa inalisha muti. Ukikata muti, mwaka wenye kufuata utarudi mahali pale na kitunga kitupu. Vinkubala navyo vinakula majani ya miti ile ile. Asali inatoka katika maua yake. Kuko masuku, kuko mupundu, kuko dawa za kikohozi na za tumbo zenye bibi zetu walizijua. Profesa François Malaisse, mwenye alifundisha kwa miaka mingi kwenye Chuo Kikuu cha Lubumbashi, aliandika kitabu kikubwa, kilichotoka mwaka wa 2010, juu ya namna mutu anaweza kuishi na vyakula vya pori la miombo. Kitabu kile kina mamia ya kurasa! Sisi tunaita pale «pori tu».

Na maji je? Mahali penye miti, mvua inaanguka juu ya majani kwanza, kisha inaingia udongoni polepole. Mahali pasipo na miti, mvua kubwa ya mwezi wa kwanza inapiga udongo, inaubeba, na kuutupa katika muto Lubumbashi na Kafubu, na kutoka pale mpaka Luapula. Mulimaji anabaki na mawe.

NAMNA TULIFIKA HAPA

Kuko watu wenye kufikiri kwamba kukata miti kulianza jana. Hapana. Zamani sana, mbele ya wazungu kufika, wazee wetu waliyeyusha malakiti kwa moto wa makala na walitengeneza misalaba ya shaba yenye ilikuwa feza yao. Watafuta-historia waliikuta misalaba hiyo katika makaburi ya Sanga, kandokando ya ziwa Kisale. Lakini wayeyushaji walikuwa wachache, walifanya kazi ile wakati wa kiangazi, na pori lilikuwa kubwa. Walipohama, mashina yalichipuka.

Kisha kompani ya Union Minière ilizaliwa mwaka wa 1906. Reli ilifika mwaka wa 1910, na mwaka ule ule muji wa Élisabethville ulianza. Mwaka wa 1911 tanuru ya Lubumbashi ilitoa shaba yake ya kwanza. Tanuru ile ilikula makaa ya mawe yenye yalitoka Wankie, katika inchi yenye leo tunaita Zimbabwe. Lakini jikoni kwa mutumikaji hapakuwa na makaa ya mawe. Pale palikuwa kuni na makala, na ni hivyo mpaka leo.

Moshi wa tanuru nao uliua. Kwa miaka zaidi ya 80 upepo uliusukuma upande mumoja, na mahali kama Penga Penga udongo ulijaa shaba na sumu zingine mpaka majani yalikufa na ardhi ikabaki uchi. Wanafunzi na wafundishaji wa chuo kikuu walijaribu kupanda tena pale majani yenye kuvumilia shaba, aina yenye inaota yenyewe juu ya vilima vyetu vya madini. Walifaulu, lakini kwa kazi kubwa na juu ya vipande vidogo tu. Tujifunze pale: kuua udongo ni kazi ya siku chache, kuuponya ni kazi ya vizazi.

Halafu shida ilikuja katika jamaa zetu. Katikati ya miaka ya 1980 Gécamines ilikuwa inatoa tani zaidi ya 450,000 za shaba kwa mwaka. Mwezi wa tisa wa mwaka 1990 machimbo ya Kamoto yalianguka. Mwaka wa 1991 muji uliporwa. Mwaka wa 1994 kompani haikufikia hata tani 50,000. Mishahara ilichelewa, kisha ilikosekana. Mwaka wa 2003 na 2004 watumikaji zaidi ya 10,000 waliondoka katika ile mipango yenye iliitwa «départ volontaire». Wasomaji wengi wa gazeti hili wanajua neno lile kwa uchungu, kwa sababu baba wengi hawakuona hiari ndani yake.

Mutu mwenye amefanya kazi miaka 25 chini ya udongo, na sasa hana kazi, anafanya nini? Anatafuta shamba. Anatafuta kinga. Anatafuta shoka. Pori lilitupokea wakati kompani ilitufunga mulango. Tusisahau jambo hilo wakati tunasema juu ya wenye kukata miti.

BIASHARA YA MUKULA

Kuko pia ukataji mwingine wenye hauna njaa ndani yake. Kuanzia miaka ya 2010 wanunuzi kutoka mbali walikuja kutafuta muti mumoja, mukula, ule wenye kutoa maji mekundu kama damu ukiukata. Walitaka mbao zake nyekundu kwa ajili ya viti na makabati ya matajiri kule China. Vijiji vilipata kidogo, wenye kamyo walipata mengi. Mwaka wa 2017 mamia ya kamyo zenye zilijaa mukula kutoka kwetu zilizuiliwa Zambia. Mwaka wa 2019 mataifa yenye kuungana katika mapatano ya CITES waliandika mukula katika orodha ya miti yenye haiwezi kuvuka mupaka bila kibali, na mwaka wa 2022 waliongeza wandugu zake wote wa Afrika, hata mulombwa wenye tunajua vizuri.

Sheria ilikuja wakati miti mingi ilikuwa imekwisha kuondoka. Angalia tofauti: muchoma makala anakata apate kula leo, na tunamuona kila siku barabarani. Mwenye kununua mukula hatukumuona hata sura. Tena yeye ndiye alibeba miti mikubwa kupita yote.

«PASTA, KUCHOMA MAKALA IKO ZAMBI?»

Siku moja, nyuma ya ibada, ndugu mumoja wa kanisa aliniuliza: «Pasta, miye njo kazi yenye iko nayo. Bana ni batano. Kama nakata muti, Mungu anakasirika? Na kama sikate, bana balale na njala?»

Swali lile si la kujibiwa mbiombio. Tuangalie Maandiko yanasema nini.

Kwanza, Biblia haikatazi kukata muti. Katika kitabu cha Yoshua 17, wana wa Yosefu walilalamika kwamba inchi yao ni ndogo, na Yoshua aliwaambia wapande katika musitu wafyeke. Sulemani alikata mierezi ya Lebanoni kwa ajili ya hekalu. Bwana Yesu mwenyewe alikua katika nyumba ya seremala. Mikono yake ilijua mbao.

Pili, Biblia inaweka mupaka. Katika Kumbukumbu la Torati 20, Mungu anasema na waaskari wenye kuzunguka muji wa adui. Hata katika vita, hata kama wanahitaji miti ya kujengea ngome, anawakataza kupeleka shoka kwenye miti yenye kuzaa matunda. Mungu anawauliza kama muti wa shambani ni mutu, hata wauzunguke sawa adui. Kama mupaka ulikuwa hata wakati wa vita, je, wakati wa amani? Kwetu mupaka ule una majina: masuku, mupundu, na miti yenye kulisha vinkubala.

Tatu, kazi ya kwanza yenye Mungu alimupa mutu iko katika Mwanzo 2:15, na ina pande mbili: kulima bustani na kuilinda. Wengi wetu tumeshika upande wa kwanza tu. Mulinzi wa usiku mwenye kula mali ya lupango lenye analinda, sisi wote tunajua jina lake.

Nne, tusome 2 Wafalme 6. Kuko pale wanafunzi wa manabii, sawa vile tungesema leo vijana wa shule ya Biblia. Nyumba yao ilikuwa ndogo. Walikwenda Yordani, kila mumoja akate muti wake, na Elisha hakuwakataza, hata alikwenda pamoja nao. Kisha chuma cha shoka la mumoja wao kilianguka majini. Akalia. Alilia kwa nini? Chuma kingeweza kununuliwa kingine. Alilia kwa sababu shoka lile lilikuwa la kuazima.

Wandugu, jibu langu kwa yule baba lilitoka pale. Kukata muti si zambi. Zambi ni kukata sawa vile pori ni lako peke yako, na nyuma yako hakuna mutu. Pori ni la kuazima. Zaburi ya 24 inatufundisha kwamba inchi na vyote vyenye kuijaza ni vya Bwana. Na watoto wako watano, wenye unachomea makala wapate kula, ndio wenye watauliza kesho: «Baba, ulirudisha?»

Yule baba alinyamaza, kisha aliuliza tena: «Sasa nifanye namna gani?» Lile ni swali zuri kupita la kwanza.

SI KOSA LA MUCHOMA MAKALA PEKE YAKE

Mbele ya kujibu, tuseme haki. Mwaka wa 1982 njia ya kuran kutoka Inga ilimalizika, kilomita karibu 1,700 mpaka Kolwezi. Nyuzi zake zinapita juu ya vijiji vingi vyenye watu walibaki na kibatari. Kuran ile ilijengwa kwa ajili ya machimbo. Hapa kwetu pia kuko mitambo ya Mwadingusha, Koni, Nzilo na Nseke. Na hata hivyo mama wa Katuba, wa Kenya ao wa Ruashi anaweza kukaa siku nyingi bila taa, wakati machimbo yanaangaza usiku kama muchana. Mutu asiye na kuran ya kupikia hawezi kuambiwa tu «acha makala». Yakobo 2 inasema wazi juu ya mutu mwenye kumuambia ndugu yake aende akaote moto, bila kumupa kitu.

Machimbo nayo yanafyeka. Mbele ya kufika kwenye madini, mashini inaondoa miti yote, majani, na udongo wa juu. Sheria ya madini ya mwaka 2002, yenye iligeuzwa mwaka wa 2018, inadai kompani itengeneze mahali penye ilichimba, na inadai pia itoe angalau 0.3 kwa mia ya mauzo yake kwa ajili ya maendeleo ya vijiji vya karibu. Feza ile inajenga mashule na visima, ni vizuri. Lakini wazee wa kijiji wenye kukaa katika mikutano ile wanaweza pia kuomba miti. Mara nyingi hakuna mwenye anaiomba.

TUFANYE NINI?

Nyumbani kwa mama. Loweka maharagi usiku mumoja mbele ya kuyapika, yataivya upesi. Funika sufuria. Tafuta mbabula yenye kufunikwa na udongo pembeni, yenye haipotezi moto. Mafundi wetu wanajua kuitengeneza. Chakula kikiisha kuivya, zima makala yenye kubaki na uyatunze kwa kesho. Na katika baridi ya mwezi wa sita na wa saba, usilale hata kidogo na mbabula ndani ya chumba chenye kufungwa: hewa yake haina harufu, na imeua jamaa nzima katika usingizi.

Katika lupango. Panda muti. Muembe ao avoka unatoa kivuli na chakula, na matawi yenye kukauka ni kuni. Kama unapangisha, usiseme «lupango si langu». Abrahamu alikuwa mugeni katika inchi ya Wafilisti wakati alipanda muti kule Beer-sheba, na alikuwa na zaidi ya miaka 100.

Porini, kwa muchoma makala. Sikia, ndugu yangu, maana hapa kuko habari njema. Miombo haifi wakati unaikata. Inakufa kwa mambo yenye kufuata. Kisiki cha mutondo ao musamba kinachipuka, na mizizi yake chini inangojea. Kata chini, lakini usingoe kisiki. Acha miti ya matunda na miti ya mbegu. Kata sehemu moja, uiache, uende kwa ingine. Nyuma ya miaka 20 ao 30 utaweza kurudi, ao mutoto wako. Lakini kama unalima pale pale kila mwaka na moto unapita, pori halitarudi.

Moto. Hapa tusikilize jirani zetu wa Zambia. Kule Ndola, mwaka wa 1933, walinzi wa misitu walianza jaribio juu ya pori la miombo. Sehemu moja waliichoma kila mwaka mwanzo wa kiangazi, wakati majani hayajakauka sana. Ya pili waliichoma kila mwaka mwisho wa kiangazi. Ya tatu waliikinga na moto. Nyuma ya miaka mingi, waliona hivi: kwenye moto wa mwisho wa kiangazi, miti ilikwisha, palibaki majani matupu. Kwenye moto wa mwanzo, pori lilisimama. Kwenye kukingwa, pori lilifungamana. Tuelewe basi: kijana mwenye kuwasha pori mwezi wa tisa apate panya anaua miti mingi kupita muchoma makala na shoka lake. Kijiji chenye kutaka kubaki na pori kichome mapema kandokando ya njia na mashamba, mwezi wa tano ao wa sita, kisha kilinde.

Kupanda pori la makala. Kwenye uwanda wa Bateke, mashariki ya Kinshasa, kuko mahali panaitwa Mampu. Kati ya mwaka 1987 na 1993 walipanda pale hekta karibu 8,000 za akasia, na waligawanyia jamaa zaidi ya 300, kila moja hekta 25. Wanapanda mihogo katikati ya miti, wanavuna asali, wanakata, wanachoma makala, na mbegu zenye zilianguka zinaota tena. Ile si hadithi. Ni makala yenye hayakuangusha pori la wazee.

Kwa kijiji na mufalme wake. Sheria ya misitu ya tarehe 29 Agosti 2002 inataka kibali kwa kukata miti ya makala. Na decret ya tarehe 2 Agosti 2014 inaruhusu kijiji kuomba musitu wake uandikwe kwa jina la wanakijiji wenyewe, mpaka hekta 50,000, bila kikomo cha miaka. Kijiji chenye kuwa na karatasi ile kinaweza kumuambia mugeni mwenye kamyo: hapa hauingii. Kijiji kisicho nayo kinaangalia tu vumbi la magurudumu.

Kwa kanisa. Makanisa yetu yanajenga na matofali ya udongo wa kichuguu, na matofali yale yanachomwa kwa miti. Wakati kamati ya ujenzi inahesabu simenti na mabati, ihesabu pia miti, na ipande mingine. Chama cha mama na kikundi cha vijana waweze kuwa na kitalu chao nyuma ya kanisa. Mama Wangari Maathai wa Kenya alianza hivyo mwaka wa 1977, na miche michache na mama wa vijijini. Watu walimucheka. Watu wenye nguvu walimupiga. Mwaka wa 2004 alipewa zawadi ya Nobel ya amani, mama wa kwanza wa Afrika kuipata, na mbele ya kifo chake mwaka wa 2011 mama wale walikuwa wamekwisha kupanda makumi ya mamilioni ya miti.

UUMBAJI UNANGOJEA

Mtume Paulo anawaandikia Warumi kwamba uumbaji wote unaugua sawa mama mwenye uchungu wa kuzaa, unangojea wana wa Mungu waonekane. Tufikiri vizuri maneno yale. Pori halingojei Serikali peke yake, wala kompani, wala wageni wenye miradi. Linangojea wana wa Mungu. Linangojea wewe mwenye kuimba Jumapili.

Mierezi ya Lebanoni ilijenga hekalu la Sulemani. Leo muti ule uko kwenye bendera ya inchi ile, lakini milimani umebaki vipande vidogo tu. Katanga yetu ina misalaba ya shaba kwenye bendera yake ya zamani. Tuombe na tufanye kazi, watoto wetu wasijifunze jina la mutondo katika kitabu peke yake, na mwezi wa kumi waone bado majani mekundu juu ya miti.

MASWALI YA KUZUNGUMZA KATIKA JAMAA

1. Katika nyumba yetu tunatumia mifuko mingapi ya makala kwa mwezi? Tunaweza kupunguza namna gani?

2. Baba, mama, bibi: wakati mulikuwa watoto, pori lilianzia wapi? Leo linaanzia wapi? Muwaeleze watoto.

3. Watoto wetu wanajua majina ya miti mingapi ya Katanga? Wanajua majina ya timu mingapi za mupira?

4. Yule ndugu wa watoto watano akikuja kuuliza katika kikundi chetu cha maombi, tutamusaidia na nini, zaidi ya maneno?

5. Mvua ya kwanza ikianguka, tutapanda muti gani, na nani atautilia maji kiangazi?

Bwana awabariki na kulinda manyumba yenu.